Kupiga Filamu Ndani ya Mwili wa Binadamu: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Ukurasa huu ni wa walimu wa baiolojia, wanafunzi wa afya, watengenezaji wa makala za video na yeyote aliyewahi kuangalia monita hospitalini akajiuliza ile picha inapatikanaje. Majibu mengine ni marefu kuliko mengine. Hayo marefu ndiyo yanayohusu mambo ambayo watu huyakosea zaidi.

Picha ya kawaida ina upungufu gani hadi mtu ahitaji video?

Haina muda. Meza mate sasa hivi, kidole kikiwa juu ya kikoromeo. Umekisikia kinaruka juu kisha kinarudi. Safari ya kutoka nyuma ya ulimi hadi kwenye umio imechukua kama sekunde moja, na ndani ya sekunde hiyo kaakaa laini limepanda kuziba njia ya pua, zoloto limevutwa juu na mbele, kidakatonge kimelala kufunika njia ya hewa, nyuzi sauti zimefumba na pumzi imesimama. Picha moja itakuonyesha kituo kimoja tu cha safari hiyo.

Mgonjwa wa kiharusi anayepaliwa kila akinywa chai anaweza kuonekana mzima kwenye picha tano, na tone likaingia njia ya hewa kwenye picha ya sita. Ndiyo maana kipimo cha kumeza, ambapo mgonjwa hupewa kinywaji na chakula kilichochanganywa na bariamu chini ya eksirei, kinashauriwa kirekodiwe kwa fremu 30 kwa sekunde. Ukishusha hadi 15, tone linaweza kuingia na kutoka kati ya fremu mbili, na hutajua kamwe.

Hii kazi ilianza lini?

Eksirei na sinema ni watoto wa mwaka mmoja. Novemba 1895 Wilhelm Röntgen aligundua eksirei mjini Würzburg, Ujerumani. Desemba mwaka huohuo ndugu wawili Lumière walionyesha sinema yao kwa watazamaji waliolipa kiingilio mjini Paris. Mwaka 1897 daktari John Macintyre wa Glasgow alikuwa ameshaviunganisha: alionyesha filamu ya eksirei ya mguu wa chura ukikunjwa na kunyooka.

Baada ya hapo kazi ilikwama kwa miongo kadhaa, na sababu yake inafaa kueleweka. Lenzi ya kioo haiwezi kuzikusanya eksirei kama inavyokusanya mwanga. Kwa hiyo ama utumie filamu kubwa kama kiungo chenyewe, ama upige picha ya kioo maalumu kinachong'aa kikipigwa na mionzi. Kioo hicho kilikuwa hafifu kiasi kwamba madaktari walikaa gizani kwanza ili macho yazoee ndipo waone kitu. Kukipiga filamu kulihitaji mionzi mingi mno kwa mgonjwa. Mlango ulifunguka mwishoni mwa miaka ya 1940, ilipopatikana mirija ya elektroniki ya kuongeza mng'ao wa picha.

Kisha kukatokea ajali maarufu. Tarehe 30 Oktoba 1958, katika Kliniki ya Cleveland, Marekani, daktari Mason Sones alikuwa akijiandaa kupiga filamu ya mshipa mkuu wa moyo. Ncha ya mrija ikateleza na kuingia ndani ya ateri ya kulia inayolisha moyo wenyewe, na dawa nyingi ya kuonyesha mishipa ikamwagika humo. Wakati ule iliaminika jambo hilo linaua. Moyo ulisimama kwa sekunde chache, mgonjwa akaamriwa akohoe, ukarudi kupiga. Filamu ilikuwa imeshanasa ateri nzima na matawi yake. Kipimo cha mishipa ya moyo kinachofanywa leo kimetokana na siku hiyo.

Upande wa kamera zinazoingia mwilini, Wajapani walitengeneza mwaka 1950 kamera ndogo yenye filamu na balbu iliyomezwa hadi tumboni. Daktari aliipiga bila kuona inachokipiga. Mwaka 1957 Basil Hirschowitz na wenzake nchini Marekani walitumia nyuzi nyembamba za kioo kuleta picha hadi jichoni. Miaka ya 1980 kitambuzi cha picha kikawekwa kwenye ncha ya mrija wenyewe, na tangu hapo chumba kizima kinaona kile ambacho zamani alikiona daktari peke yake kwa jicho moja.

Nitajuaje njia ipi inafaa kwa kile ninachotaka kuonyesha?

Usianze na mashine. Anza kwa kuuliza: kinachotembea kinatembea kwa kasi gani? Hivi ni vipimo vya kukumbuka:

- Nyuzi sauti hutetema karibu mara 100 hadi 130 kwa sekunde kwa mwanaume anayeongea, na karibu mara 200 kwa mwanamke.
- Vinyweleo vya ndani ya njia ya hewa hupiga mara 10 hadi 15 kwa sekunde.
- Moyo uliotulia hupiga mara 60 hadi 100 kwa dakika, ila vali zake hufunguka na kufunga kwa sehemu ndogo ya sekunde.
- Mawimbi ya tumbo la chakula ni kama 3 kwa dakika.
- Chembe nyeupe ya damu inayokimbiza bakteria hutambaa kama maikromita 10 kwa dakika, yaani inahitaji zaidi ya saa nzima kuvuka milimita moja.
- Yai lililorutubishwa huchukua takriban siku nzima kabla ya kugawanyika mara ya kwanza.

Hesabu yetu ya haraka ni kupata fremu zisizopungua 10 kwa mzunguko mmoja wa mwendo. Vinyweleo vinavyopiga mara 12 vinadai fremu 120 kwa sekunde au zaidi. Yai linadai picha moja kila dakika 10, basi. Mtu akikuletea kamera ya bei mbaya kabla ya kufanya hesabu hii, mrudishe akaifanye.

Baada ya kasi angalia vizuizi viwili: mwanga utaingiaje, na kuna nafasi ya chombo? Ndani ya mwili ni giza totoro. Kila rangi unayoiona kwenye video ya kamera imetoka kwenye taa tuliyoiingiza sisi.

Naweza kuanza bila hospitali? Nina simu tu.

Unaweza, tena kuna majaribio mawili yanayofaa darasani.

La kwanza ni mapigo ya damu kwenye kidole. Fungua kamera ya simu upande wa video, washa taa yake, kisha funika lenzi na taa kwa ncha ya kidole kimoja. Usikandamize; ukikandamiza unaikamua damu na mapigo yanapotea. Rekodi sekunde 30. Utaona wekundu mtupu, lakini ukitazama vizuri unafifia na kung'aa. Moyo ukisukuma, damu huongezeka kidoleni, inameza mwanga mwingi zaidi na fremu inakuwa nyeusi kidogo. Hesabu mara ngapi wekundu umefifia, zidisha kwa 2, unapata mapigo kwa dakika. Ikiwa hauoni mabadiliko, kwa kawaida ni kwa sababu simu inajirekebishia mwanga yenyewe: gusa skrini na kushikilia ili ifunge kiwango cha mwanga. Taa ikianza kuchoma kidole, acha.

La pili ni zuri zaidi: kuona kapilari zenyewe. Unahitaji hadubini ndogo ya USB inayokuza mara 200 hivi, mafuta mepesi yasiyo na rangi (ya watoto yanatosha) na mtu aliyekaa ametulia.

1. Mpashe mikono joto na mwache akae kama dakika 15. Mikono ya baridi hufunga mishipa midogo na hutaona kitu.
2. Chagua kidole cha pete au cha mwisho cha mkono asioutumia sana. Ngozi ya hapo ni nyembamba zaidi.
3. Weka tone la mafuta pale ngozi inapokutana na kucha. Bila mafuta, ngozi kavu hurudisha mwanga na kila kitu kinakuwa cheupe.
4. Laza mkono mezani kwa kiwango cha moyo, ufungie kwa utepe laini, na usimamishe hadubini kwenye stendi yake. Ukishika kwa mkono, kila pumzi yako ni tetemeko.
5. Punguza taa hadi picha isiungue, kisha tafuta fokasi taratibu.

Kitakachotokea ni safu ya vitanzi vyekundu kama pini za nywele zilizopangwa, mpindo wa kila pini ukielekea kucha. Ukipata fokasi nzuri utaona vipande vyeusi na vyeupe vikipita ndani ya kitanzi: ni mafungu ya chembe nyekundu na nafasi za utegili (majimaji ya damu) kati yake. Chembe nyekundu ina upana wa maikromita 7 hadi 8 na kapilari nyingi hazizidi hapo sana, hivyo chembe hupita kwa foleni, mara nyingine zikijikunja.

Kwenye ngozi nyeusi kazi ni ngumu zaidi, na vitabu vingi havisemi hilo. Melanini iliyo juu ya kapilari inameza mwanga uleule tunaoutegemea. Jaribu vidole vyote kabla ya kukata tamaa, na ukiweza weka kichujio cha kijani mbele ya taa: hemoglobini inameza sana mwanga wa kijani, hivyo damu inakuwa nyeusi dhidi ya ngozi iliyong'aa. Aliyetoka kufua kwa mikono, kulima, au mwenye tabia ya kuuma kucha atakupa picha mbaya hata afanyeje.

Usitumie video hii kumwambia mtu ana ugonjwa. Wapo madaktari wanaosoma maumbo ya kapilari hizo kutafuta magonjwa ya tishu unganishi, lakini ni usomaji wa kufundishwa.

Video ya endoskopi ya tumbo huharibiwa na nini hasa?

Povu, mabaki ya chakula, kamasi kwenye lenzi, na mkono unaokimbia.

Mrija wa kuangalia tumbo una unene wa milimita 9 hadi 10 na urefu wa kama mita moja. Kwenye ncha kuna lenzi, taa, tundu la vifaa na tundu dogo linalorusha maji kuosha lenzi. Mgonjwa hufunga kula kwa kawaida muda wa saa 6 hadi 8. Aliyekunywa uji asubuhi akanyamaza si tu ataharibu video, bali yuko hatarini kupaliwa.

Povu huondolewa kwa dawa ya simethikoni iliyochanganywa na maji, hunywewa kabla ya kipimo au humiminwa kupitia tundu. Kamasi kwenye lenzi: kitufe cha maji, kisha vuta kidogo. Kamera ikiwa imegusa ukuta wa tumbo, skrini yote inakuwa nyekundu; hiyo si damu, ni mwanga unaorudi kutoka nyama iliyobanwa. Rudi nyuma sentimita 2, ongeza hewa, subiri.

Hapa kuna mgongano kati ya daktari na mpiga filamu. Daktari anayetafuta kidonda anataka tumbo lisimame, na anaweza kutoa hayosini ili kutuliza mawimbi. Mwalimu anayetaka kuonyesha tumbo likisaga anataka kinyume chake. Daktari ndiye anayeshinda, kila siku. Kama unahitaji mawimbi, omba mapema kabla dawa haijadungwa, kisha omba kamera isimame mbele ya mlango wa kutokea tumboni kwa dakika moja kamili. Kwa mawimbi 3 kwa dakika, dakika hiyo itakupa matatu: pete inaanza mbali, inakuja ikibana, na mlango unafumba kama mdomo wa mfuko unaovutwa kamba. Wengi hurekodi sekunde 10 halafu wanalalamika kwamba tumbo halifanyi kitu.

Kwa utumbo mpana, asilimia kubwa ya kazi iko kwenye dawa ya kusafisha aliyokunywa mgonjwa: mara nyingi lita 2 hadi 4, nusu jioni na nusu saa chache kabla ya kipimo. Vinywaji vyekundu na vya zambarau hukatazwa siku ya mwisho. Juisi ya bitiruti kwenye video inafanana na damu kuliko damu yenyewe.

Kwa nini lenzi hufunga ukungu kwenye upasuaji wa matundu madogo?

Kwa sababu ileile inayofanya miwani ipate ukungu ukifungua sufuria. Lenzi imetoka kwenye chumba chenye kiyoyozi, imeingia tumboni penye nyuzijoto 37 na unyevu mwingi. Mvuke unageuka matone juu yake. Tena gesi ya kaboni dayoksaidi inayojazwa tumboni, kwa msukumo wa kawaida wa milimita 12 hadi 15 za zebaki, ni kavu na baridi; ikiingia kupitia tundu lenye kamera inaipuliza lenzi moja kwa moja.

Dawa yake: pasha ncha kwenye maji ya moto yaliyotakaswa kabla ya kuingiza, ifute, paka kimiminika cha kuzuia ukungu, na hamishia mpira wa gesi kwenye tundu lingine. Kama ukungu umerudi katikati ya kazi, wapasuaji wengi huigusisha lenzi kwa wepesi kwenye utando safi wa tumbo badala ya kuitoa.

Mambo mengine mawili. Rekebisha weupe kwa kuelekeza kamera kwenye shashi nyeupe kabla ya kuanza, la sivyo ini litatoka rangi ya chungwa. Na picha ikianza kuwa giza taratibu bila sababu, tafuta damu: damu inameza mwanga, na dimbwi dogo linatosha kuzima robo ya skrini. Usiongeze mwanga kwanza; waombe wafyonze damu. Waya wa taa uliochomolewa usilazwe kwenye shuka. Watu huuita mwanga baridi, lakini ncha yake huunguza kitambaa na ngozi.

Kapsuli ya kamera inayomezwa inapiga video kweli?

Inapiga picha nyingi zinazounganishwa. Ile ya kwanza kuruhusiwa Marekani, mwaka 2001, ilikuwa na upana wa milimita 11 na urefu wa milimita 26, ikipiga picha 2 kwa sekunde kwa muda wa saa 8 hivi. Fanya hesabu: picha 57,600. Ukizichezesha kwa fremu 10 kwa sekunde unakaa dakika 96 ukitazama.

Uzuri wake ni utumbo mwembamba, ambako mirija ya kawaida haifiki kwa urahisi. Ubaya wake ni kwamba haiongozwi: inageuka inavyotaka, haioshi lenzi, na ndani ya tumbo la chakula, ambalo ni pana, inabiringika tu. Hivyo ukiona video ya kapsuli yenye tumbo lililozungushwa vizuri kila upande, uliza ilitoka kwenye kapsuli ya aina gani. Inaweza pia kukwama palipo na utumbo uliobana, na aliyeimeza haruhusiwi kuingia kwenye mashine ya MRI, ile inayopiga picha kwa sumaku kali, hadi itoke.

Nyuzi sauti zinatetema mara 200 kwa sekunde. Video ya fremu 25 inazionyeshaje polepole?

Inatudanganya, kwa nia njema. Taa ya kumetameta huwashwa na kuzimwa kwa kasi iliyopishana kidogo na ile ya sauti. Mgonjwa akitoa "iii" kwa mitetemo 200 kwa sekunde na taa ikamulika mara 198.5, kila mmuliko unazikuta nyuzi mbele kidogo ya pale ulipoziacha. Jicho linaona mawimbi 1.5 kwa sekunde, laini kama hariri. Ukweli ni kwamba kila kipande kimetoka kwenye mtetemo tofauti.

Mbinu hii inavunjika pale inapohitajika zaidi: sauti iliyokwaruza haitetemi kwa mpangilio, taa haipati cha kufuata, na picha inarukaruka. Hapo inatakiwa kamera ya kasi halisi, fremu 2,000 hadi 4,000 kwa sekunde. Sekunde moja iliyopigwa kwa fremu 4,000, ikichezwa kwa 25, inakuchukua dakika 2 na sekunde 40. Rekodi kidogo.

Kwenye ultrasound ya moyo, picha inakwama-kwama. Mashine ni mbovu?

Huenda umeomba kina kikubwa mno. Sauti husafiri mwilini kwa kama mita 1,540 kwa sekunde, na mashine haiwezi kutuma mstari wa pili kabla mwangwi wa kwanza haujarudi. Kwa kina cha sentimita 15, kwenda na kurudi ni kama maikrosekunde 195. Mistari 100 kwa fremu moja inakula milisekunde 19.5, hivyo unapata fremu 51 kwa sekunde. Punguza kina hadi 7.5 na unapata karibu mara mbili. Kupunguza upana wa picha kunasaidia vilevile. Mashine za kisasa zina ujanja wa kutuma mistari kadhaa kwa pamoja, lakini msingi ndio huo.

Kuwasha rangi za mtiririko wa damu kunashusha fremu zaidi, kwa kuwa kila mstari lazima urudiwe mara kadhaa. Fanya kisanduku cha rangi kiwe kidogo.

Nyekundu ni ateri na buluu ni vena, sivyo?

Sivyo, na kosa hili tunaliona kwenye video za mafunzo kila mara. Kwa mpangilio wa kawaida, nyekundu ni damu inayokuja kuelekea kichwa cha mashine, buluu ni inayokwenda mbali nacho. Geuza kichwa cha mashine na ateri ileile inakuwa ya buluu.

Naweza kuomba nipigwe filamu ya eksirei kwa ajili ya makala yangu?

Hapana. Mionzi hutolewa pale mgonjwa anapopata faida ya kimatibabu. Filamu inayohifadhiwa ya mishipa ya moyo hutumia kwa kila fremu mionzi mara kumi au zaidi ya ile ya kuangalia tu, ndiyo maana madaktari hupiga sekunde chache, mara nyingi kwa fremu 15 kwa sekunde au hata 7.5. Omba rekodi zilizokwisha kupigwa kwa sababu za matibabu. Ukihitaji mtu mzima wa afya anayemeza, anayeimba au anayekunja goti, nenda kwenye MRI.

MRI inaonyesha moyo ukipiga papo hapo?

Video nyingi za moyo za MRI si za pigo moja. Mgonjwa hubana pumzi kwa sekunde 10 hivi, mashine inakusanya vipande kutoka mapigo kadhaa ikifuata umeme wa moyo, kisha inavishona kuwa pigo moja zuri. Moyo unaodundadunda bila mpangilio hutoa picha yenye ukungu kwa sababu vipande havilingani. MRI ya papo hapo ipo: mwaka 2010 kundi la Jens Frahm mjini Göttingen lilionyesha picha zinazochukua milisekunde 20 tu kila moja, na kwa njia hiyo ulimi wa mtu anayeongea huonekana ukicheza.

Kamera yako haiingii chumba hicho. Sumaku haizimwi usiku wala kazi ikiisha. Piga ukiwa chumba cha udhibiti, kupitia kioo.

Nipateje video kutoka kwenye mashine?

Omba faili lenyewe, lililohamishwa kutoka mashine kwenda MP4 au AVI, au mfumo wa DICOM (muundo wa faili za picha za hospitali) ukiwa na programu ya kuufungua. Pili ni kuchomeka kifaa cha kunasa video kwenye tundu la kutolea picha. Kupiga monita kwa simu ni njia ya mwisho kabisa. Ukilazimika, zima taa za juu, simamisha simu kwenye stendi, weka kasi ya shata 1/50 na usogee nyuma hadi madoa ya mawimbi yapotee.

Jina la mgonjwa nimelifunika. Nimemaliza?

Bado. Jina huwa pembeni ya picha, ndani ya taarifa za faili la DICOM, kwenye jina la faili lenyewe, na mahali ambapo karibu kila mtu hupasahau: kwenye sauti. Kifaa kikirekodi chumba, muuguzi akasema "Mama fulani, geukia kushoto," umeshamtaja. Futa sauti yote. Kata pia tarehe na saa. Picha za kichwa za MRI zikiunganishwa zinaweza kujenga upya uso wa mtu.

Ridhaa ya matibabu si ridhaa ya filamu. Iandikwe peke yake, itaje itaonyeshwa wapi, na iombwe kabla ya dawa ya usingizi. Aliyekwisha kulegezwa hawezi kuridhia. Sheria za ulinzi wa taarifa binafsi, ya Kenya ya 2019 na ya Tanzania ya 2022, zinaziweka taarifa za afya kwenye kundi nyeti.

Kwenye uhariri nichunge nini?

Andika kasi kwenye kona: "imeongezwa mara 60", "imepunguzwa mara 160". Mtazamaji wa chembe nyeupe inayokimbia kama paka hana namna ya kujua kwamba alitazama dakika kadhaa. Andika pia kama rangi imepakwa na kompyuta.

Usigeuze picha kushoto-kulia ili ipendeze kando ya maandishi. Kwenye picha za kitabibu upande wa kulia wa mgonjwa kwa kawaida huwa kushoto kwako, na ukiigeuza umemhamishia mtu moyo upande wa kulia. Kuna watu wachache waliozaliwa hivyo, na daktari atakayeitazama video yako atadhani umempata mmoja wao.

Ile sauti ya "fuu, fuu" ya ultrasound ni sauti ya damu?

Ni ya mashine. Mawimbi yanayotumwa ni ya mamilioni ya mizunguko kwa sekunde, hayasikiki. Yakigonga damu inayotembea yanarudi yakiwa yamebadilika kidogo, na tofauti hiyo huangukia mamia hadi maelfu ya mizunguko kwa sekunde, ndani ya uwezo wa sikio. Mashine inaipeleka kwenye spika. Kadiri damu inavyokwenda kasi ndivyo sauti inavyokuwa nyembamba, kwa hiyo ukibadilisha kasi ya video hakikisha sauti imezimwa au imeachwa kwa kasi yake ya asili. Ukiinyoosha pamoja na picha utamfanya mtoto aliye tumboni asikike kama treni inayopanda mlima.